Tabora ya 1916: Nani Alikombolewa?

Tarehe 19 Septemba 1916 jeshi la Wabelgiji chini ya Jenerali Charles Tombeur, askari wengi wakiwa Wakongo, liliingia Tabora na Wajerumani wakawa wamekwisha kutoka. Ulaya habari hiyo haikufa. Brussels kuna mtaa uitwao Tabora, na Tombeur mwenyewe alipewa ubwanyenye wenye jina la mji huu. Sisi je?

Wahakiki wetu wakiguswa na vita hukimbilia Utenzi wa Vita vya Uhuru wa Shaaban Robert, unaohusu vita vikuu vya pili. Kazi ile naiheshimu. Ila anwani yake inanikera kidogo: uhuru wa nani, ilhali Tanganyika ilitawaliwa na Mwingereza? Swali hilohilo liko Tabora. Waliofunguliwa siku ile ni Wazungu waliozuiliwa na Wajerumani. Mnyamwezi aliyebebeshwa mizigo ya majeshi alibadilishiwa bwana tu, na Mwingereza naye alikuwa njiani!

Kwa hiyo sishangai Tabora ikijivunia Uamuzi wa Busara wa TANU wa 1958, au Mtemi Isike aliyejilipua kwa baruti mwaka 1893 ngome yake ilipovamiwa na Wajerumani. Eti mji umesahau? Hapana, umechagua. Ninacholalamikia ni kwamba tulipomtupa Tombeur tuliwatupa na wapagazi, watu wa njia ileile ya misafara ipitayo Tura. Riwaya ya Kiswahili inayomfuata mmoja wao hadi 1916 sijaisoma, na ndiyo ninayoitaka kuliko utenzi mwingine wa majemadari.