Uzazi na Mauti katika *Nantes Triptych* ya Bill Viola

Bill Viola, msanii wa Marekani aliyefariki mwaka 2024, aliitoa *Nantes Triptych* mwaka 1992, baada ya kufiwa na mama yake mwaka 1991. Picha tatu za video huonyeshwa sambamba kwa muda wa dakika 30 hivi: kushoto mwanamke anajifungua, kulia mama wa msanii yu katika sakarati ya mauti, katikati mtu aliyevaa nguo anaelea majini. Umbo hilo limetokana na michoro ya madhabahu za Ulaya, ila hapa katikati hakuna mtakatifu wa kuombwa.

Kazi hii husemwa kuwa inahusu kuzaliwa upya. Dai hilo halina budi kupimwa. Hakuna lolote katika picha linalomfunga mtoto na marehemu. Kinachomrudisha mama ni kanda, inapoanza tena. Naye hurudi kitandani pale pale, kukata roho mara nyingine. Huko ni kukumbuka tu, tena kukumbuka kwenye ukatili.

Nguvu ya kazi imo katika wakati. Saa moja inawahesabia wote wawili, na kilio, pumzi na mwendo wa maji husikika kwa pamoja. Hapo fani na maudhui, ambavyo mhakiki wa fasihi hupenda kuvitenga, havitengeki.

Hata hivyo, mama alikuwa amepoteza fahamu; hangeweza kuridhia wala kukataa kupigwa picha. Swali hilo mwanawe ameliacha bila jibu.