Lipuli: Ukuta Uliomfunga Mwenyewe

Ubaruku wanajua kumpokea mgeni mkubwa. Tarehe 29 Novemba 2022 Yanga waliingia uwanja wa Highland Estates wakiwa wamecheza mechi 49 za ligi bila kufungwa, wakatangulia kupata bao, na bado wakatoka wamelala 2-1. Ihefu hawakuupata ushindi ule kwa kujazana langoni. Walifungwa kwanza, wakafunguka, wakamfuata mgeni kule ambako hakutaka kufuatwa. (Timu yenyewe baadaye ilihamia Singida na kubadilishwa jina, lakini kidonda hicho kitatafutiwa siku yake.)

Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, alikuwa amelitoa somo hilo hilo pale Lugalo mwaka 1891. Miaka mitatu baadaye, Kalenga, alilisahau. Uamuzi wake wa kumngoja Gavana wa Kijerumani von Schele ndani ya Lipuli, ngome yake ya Kalenga, Oktoba 1894, ulikuwa kosa la wazi la kivita, na hakuna heshima ya jina lake inayoweza kulifunika. Sifa ya ushujaa wake haiguswi hapa. Kinachochambuliwa ni kazi ya siku tatu.

Lugalo haihitaji maneno mengi, kwa kuwa ilifanywa sawasawa. Tarehe 17 Agosti 1891, wapiganaji wapatao 3,000 walilala kichakani na nyuma ya mawe, wakaacha msafara wa Kijerumani wa Emil von Zelewski ujinyooshe katika mstari mmoja, mizinga ikiwa imefunguliwa vipande na kufungwa kwenye migongo ya punda, kisha wakauvamia kutoka karibu kiasi kwamba askari wengi hawakupata nafasi ya kufyatua risasi ya pili. Zelewski, yule “Nyundo” aliyewatibua watu wa Pangani mwaka 1888 hadi Abushiri akasimama kupigana, aliuawa kwa mkuki. Inasimuliwa kwamba aliyemchoma alikuwa kijana mdogo tu. Wazungu 10 na askari zaidi ya 200 hawakurudi pwani. Bunduki karibu 300 zilibaki mikononi mwa Wahehe.

Kila anayepita Mwenge jijini Dar es Salaam huliona jina la Lugalo kwenye kambi ya jeshi. Wachache hulijua jina la aliyekuwa na uwanja siku ile: Mpangile, ndugu wa Mkwawa. Hili ni jambo ambalo safu hii imelipigia kelele mara nyingi na italipigia tena. Vitabu vya shule humpa Mkwawa Lugalo yote, kisha vikifika Kalenga husema Wajerumani walikuwa na mizinga, basi, habari imekwisha. Lugalo pia walikuwa na mizinga! Ilibaki juu ya punda.

Hapo ndipo pa kuanzia. Silaha za Nyanda za Juu Kusini zilikuwa mbili, miguu na mkuki. Hapakuwa na farasi wa vita, na hakuna sababu ya kulilia hilo. Mwaka 1916 Jenerali van Deventer aliteremka kwenda Kondoa Irangi na kikosi cha wapanda farasi kutoka Afrika Kusini, na mbung’o, maradhi na mvua vikawamaliza farasi hata wapandaji wengi wakajikuta wanatembea kama watu wengine. Katika nchi hii mpiganaji wa miguu ndiye aliyekuwa farasi. Alitembea usiku, alibeba chakula chake, alijua kila kivuko cha Ruaha, na nguvu yake yote ilikuwa katika hatua mia za mwisho, pale anapotoka kichakani na kumfikia mwenye bunduki kabla hajajaza risasi nyingine.

Mfumo wa kuwapanga wapiganaji hao kwa vikosi haukuzaliwa Kalenga. Wangoni walipopita kusini katikati ya karne ya 19 na vikosi vyao vya rika, waliojifunza mapema ni Wasangu wa ukoo wa Merere, hapa hapa kwenye tambarare ambayo leo ni mashamba ya mpunga. Munyigumba, baba yake Mkwawa, aliuchukua utaratibu wa Wasangu, akaunganisha koo za Uhehe kwa utaratibu huo, na baadaye akawageukia walimu wake. Rujewa na Ubaruku hawajaacha kulikumbusha hilo kila inapotajwa “mbinu ya Kihehe”, na wana haki.

Munyigumba ndiye kipimo. Vita vyake vinavyosimuliwa ni vya kwenda, si vya kungojea. Alimwendea Msangu, alimkabili Mngoni, na alipokufa kuelekea mwisho wa miaka ya 1870 aliacha jeshi ambalo halikuwa na mahali pamoja pa kupigwa. Hata vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyofuata, pale mkwe wake Mwambambe alipotaka kiti na Mkwawa kijana akakimbilia Ugogo, havikuamuliwa kwenye ngome. Mkwawa alirudi, akakusanya watu wa baba yake, na Mwambambe akauawa katika mapambano ya uwanjani. Kijana aliyeshinda vita vya namna hiyo alihitaji ukuta wa nini?

Masimulizi ya Kalenga husema ujenzi ulianza karibu mwaka 1887 na kumalizika karibu na wakati wa Lugalo: ukuta wa mawe uliozidi kimo cha mtu, wenye kuzunguka mji mzima kando ya Ruaha Mdogo. Kama kazi ya mikono, ni kazi kubwa. Na kwa adui waliyekuwa wakimfikiria wakati ule, ilikuwa na maana. James Elton, balozi mdogo wa Uingereza aliyepita Usangu mwaka 1877, alimkuta Merere katika vita na Wahehe, naye Merere hakuwa mtu wa kung’olewa kirahisi nyuma ya boma. Mwenye mkuki akifika kwenye ukuta hana la kufanya isipokuwa kutukana. Wahehe waliliona hilo wakiwa upande wa nje, na inaonekana wakatamani kuwa upande wa ndani.

Lakini mwaka 1894 aliyekuwa nje hakuwa na mkuki.

Na onyo lilikuwapo. Januari 1893, pale Unyanyembe, Tabora, mtemi Isike alijifungia ndani ya boma lake. Wajerumani walilipiga, wakaingia, na Isike akawasha baruti yake mwenyewe akiwa ndani ili wasimpate hai. Ofisa aliyeongoza shambulio lile alikuwa Tom Prince. Inasimuliwa kwamba Mkwawa alikuwa akitafuta urafiki na Isike, na pia na Chabruma wa Wangoni, dhidi ya Wajerumani, kwa hiyo ni vigumu kuamini kwamba habari za Tabora hazikufika Kalenga pamoja na misafara. Miezi ishirini na moja baada ya boma la Isike kuanguka, Prince huyo huyo alikuwa chini ya ukuta wa Lipuli. Kama kuna ofisa mmoja wa Kijerumani ambaye hakupaswa kupewa ukuta mwingine wa kufanyia mazoezi, ni yeye.

Sasa siku zenyewe. Schele alifika mbele ya Kalenga tarehe 28 Oktoba na askari wapatao 600 na mizinga mitatu. Kutoka pwani hadi pale hakuna njia isiyopanda mlima, na hakuna mlima usio na mahali pembamba ambapo msafara hulazimika kujipanga mmoja mmoja, wapagazi wakihema na mizigo kichwani. Lugalo ilikuwa mahali kama pale. Schele alipita.

Akapiga kambi. Hilo ndilo la kusimama nalo, na wapenzi wa Kalenga wavumilie. Adui aliyetembea wiki kadhaa, mwenye wapagazi waliochoka na mizinga ambayo bado haijatengewa mahali, alikaa karibu na ukuta kiasi cha kusikika, na ndani ya ukuta kulikuwa na jeshi zima lililomshinda mwenzake miaka mitatu nyuma. Siku ya 28 ikapita. Siku ya 29 mizinga ikafanya kazi yake ya kuzoea umbali, kombora baada ya kombora, juu ya shabaha isiyosogea. Usiku mbili zikapita. Hakuna kikosi kilichotolewa kwa nguvu kuizunguka kambi, wala kuwasumbua wapagazi, wala kuikata njia ya maji na ya chakula. Mkwawa alikuwa na watu wa kufanya yote matatu kwa wakati mmoja.

Tatizo la ukuta halikuwa mawe yake. Ulimbadilisha mpiganaji. Mtu aliyefunzwa kukimbia hatua mia na mkuki aliambiwa asimame mahali pake, ashike gobori au bunduki ya Lugalo yenye risasi za kuhesabu, na alinde kipande cha mawe. Mkuki juu ya ukuta ni fimbo tu. Tena ukuta mrefu hula watu: unaoulinda wote unakuwa mwembamba kila mahali, na mshambuliaji anahitaji mahali pamoja tu. Alfajiri ya tarehe 30 Schele alichagua pembe iliyolindwa kwa uchache, Prince akawa miongoni mwa wa kwanza kuruka, na kilichobaki kilikuwa mapigano ya nyumba kwa nyumba ya saa chache. Shambulio lile, kwa haki, lilikuwa safi.

Ndani kulikuwa na kila kitu. Baruti kwa maelfu ya ratili, pembe, ng’ombe, mbuzi, wanawake na watoto kwa mamia, na mizinga ya Zelewski iliyotekwa Lugalo. Nchi ambayo Munyigumba aliiacha imesambaa, mwanawe aliikusanya kwenye uwanja mmoja, na ilitwaliwa kabla ya jua kupinda. Wahehe waliokufa walikuwa mamia, upande wa pili ni wachache wa kuhesabika kwa vidole. Ulinganishe na Lugalo, ambako msafara ulioangamia ulikuwa wa Wajerumani, kwa kazi ya wapiganaji wale wale.

Watetezi wa ukuta wana hoja mbili. Ya kwanza ni kwamba Lugalo isingerudiwa. Wajerumani walikuwa wamejifunza, walituma wapelelezi mbele, walizungushia kambi zao miiba, mizinga haikulala tena juu ya punda. Wanaongeza kwamba msafara wa Schele ulipovamiwa ukiwa unarudi, siku chache baada ya Kalenga, wavamizi walirudishwa nyuma. Ni kweli walirudishwa. Lakini hilo lilikuwa jeshi lililokwisha kupoteza mji, baruti na familia zake, na bado lilitoka kumkimbilia adui uwanjani. Swali ni lile jeshi lingefanya nini likiwa zima, kabla ya tarehe 28, dhidi ya mtu anayepanda mlima.

Hoja ya pili ni ya bombomu na mizinga: eti hakuna mbinu mbele ya chuma. Hii ni hoja ya wavivu. Mahenge, 30 Agosti 1905, maelfu ya wapiganaji wa Maji Maji walilikimbilia boma la Wajerumani mchana kweupe, na bombomu mbili zikawafyeka. Mwenye silaha ya kupiga haraka akiwa ndani ya boma hushinda, na mwenye mkuki akiwa ndani ya boma hushindwa. Aliyekuwa na mkuki alipaswa kumzuia mwenzake asipate muda wa kupanga chochote. Mpangile alilijua hilo bila kusoma chuo chochote cha kijeshi.

Ushahidi mzito zaidi dhidi ya ukuta aliutoa Mkwawa mwenyewe. Baada ya Kalenga hakujenga mwingine. Kwa karibu miaka minne, hadi Julai 1898 alipojipiga risasi Mlambalasi, aliendesha vita vya misituni na vilimani ambavyo Prince, akiwa amejenga boma lake Iringa mwaka 1896, hakuweza kuvimaliza kwa shambulio moja wala kumi. Ilibidi vijiji vinyimwe chakula, vituo vizungushwe, na itangazwe zawadi ya rupia 5,000 kwa kichwa chake. Alifanya hivyo akiwa na mabaki ya watu, bila baruti ya Kalenga, bila ng’ombe wa Kalenga, na huku majirani wa zamani, wakiwemo Wasangu wa Merere, wakiwasaidia Wajerumani. Wasangu hao wakarudishwa Usangu, kwenye ardhi ambako Wahehe walikuwa wamewafukuza.

Kuhusu Mpangile, Wajerumani walimweka kuwa mtawala wa Wahehe Desemba 1896. Februari 1897 walimnyonga, wakimtuhumu kwamba kwa siri bado alikuwa wa kaka yake. Hakuacha maelezo ya vita yaliyoandikwa, na hakuna anayejua kama aliulizwa chochote usiku wa tarehe 28 Oktoba 1894. Mchambuzi yeyote angetoa fahali mmoja kusikia jibu lake.