Waranti ya Maisha Ukiwa Kianda

Ukipekua meza za waleti na mishipi pale soko la Toi, Nairobi, hukosi kukuta kadi ndogo imebaki ndani ya waleti ya mtumba, na kwenye kadi hiyo kiwanda cha ng'ambo kinaahidi kuihudumia bidhaa yake maisha. Muuzaji akishaiona, bei hupanda. "Hii ni kamera, boss, na iko na waranti." Kamera, yaani bidhaa ya chaguo la kwanza, inaweza kuwa kweli, ikiwa alikuwa wa kwanza kuchagua robota lilipofunguliwa. Hiyo waranti ndiyo ya kuulizia. Mtu aliyetoka Kianda, ndani ya Kibera, kwa miguu, akafuata Kibera Drive mpaka Toi na mia tano mfukoni, anafaa kujua analipia nini hasa.

Isome kadi yenyewe. Waranti nyingi za aina hii ni za mnunuzi wa kwanza peke yake, tena awe na risiti ya duka linalotambuliwa na kampuni. Waleti iliyonunuliwa Ohio, ikakaliwa miaka minne, ikatiwa kwenye pipa la misaada, ikavuka bahari mpaka Mombasa na kupanda lori kuja Nairobi, haki hiyo iliipoteza zamani. Tazama pia maisha yanayohesabiwa ni ya nani. Kuna kampuni zinazohesabu maisha ya mwenye waleti, na kuna zinazohesabu maisha ya bidhaa, maana yake muda wanaoona wao kwamba inastahili kudumu, na muda huo hawauandiki popote. Mimi huamini zaidi anayetaja idadi ya miaka. Leatherman, watengenezaji wa koleo za mfukoni wa Portland, Marekani, hutoa miaka 25, basi. Hiyo unaweza kuihesabu.

Duka la L.L.Bean la Freeport, Maine, lilikaa miongo mingi likirudishiwa bidhaa bila kujali zilinunuliwa lini. Februari 2018 likabadilisha: sasa ni mwaka mmoja, na ushahidi wa ununuzi. Mojawapo ya sababu walizotoa ni kwamba watu walikuwa wanadai pesa kwa vitu walivyonunua kwa watu wengine, kwenye minada ya vitu vikuukuu vya nyumbani. Mitumba, kwa ufupi. Siwalaumu. Ahadi isiyo na mwisho humlipisha mteja mpole anayetunza vitu vyake, kwa faida ya yule anayejua kuitumia vibaya.

Waranti ninayoiheshimu ni ya Zippo. Kiwanda hicho cha Bradford, Pennsylvania, kilichoanza 1932, hukitengeneza bure kiberiti chake kikiharibika, kiwe cha umri wowote na kiwe kimepita mikono mingapi. Wanatengeneza mtambo wa ndani. Rangi na mng'aro wa nje havimo. Ukikikuta Toi kigeuze kitako, usome alama: kwenye vingi, ndizo zinazoeleza mwaka kilipotengenezwa. Ila kukifikisha Pennsylvania ni juu yako, na nauli ya kwenda tu inaweza kupita bei uliyokinunulia. Waranti isiyofikika ni pambo.

Halafu kuna kifungu cha uchakavu, na hapa ndipo penye kazi. Waleti nyingi hazifi kwa kasoro ya kiwanda. Zinafia kwenye mkunjo, zinafia kwenye kona ulipokomea mshono wa mifuko ya kadi, zinakufa kwa jasho la mfuko wa nyuma wa suruali, umekaa kwenye matatu ya namba 8 na foleni haisogei. Yote hayo kampuni inayaita matumizi ya kawaida, na matumizi ya kawaida hayamo kwenye waranti. Swali linalokufaa basi ni moja: hii kitu inatengenezeka na fundi wa mtaa?

Anza na ngozi. Ikunje kinyume na mkunjo wake, polepole, uso wa nje ukiwa ndani, uangalie vijistari vinavyotokea. Ngozi iliyoachiwa uso wake wa asili hutoa vijistari vyembamba visivyolingana, na ukiachilia hufifia. Reksini hutoa mstari mmoja mkali. Inayosumbua watu ni ngozi ya kusaga, masalio ya ngozi yaliyotwangwa, yakagandishwa kwa gundi na kufunikwa plastiki, kwa sababu harufu yake ni ya ngozi na aliyeandika "ngozi" juu yake hakusema uongo mtupu. Tafuta ukingo ambao haukukunjwa. Mara nyingi uko ndani ya mfuko wa noti. Ngozi nzima itakuonyesha nyuzinyuzi zilizosukana toka juu mpaka chini. Ya kusaga itakuonyesha utando juu, na chini yake kitu kikavu chenye sura ya kadibodi. Hiyo ikishaanza kubambuka usimsumbue fundi. Sindano haina pa kushika.

Muuzaji akipitisha moto wa kiberiti juu ya mshipi ili uamini, mwache afurahi. Moto wa kupita hauichomi ngozi, na plastiki nyingi pia hauzichomi. Tone la maji kwenye upande wa ndani usiopakwa rangi lina ukweli zaidi: ngozi hulinywa, ikaiva rangi pale lilipoanguka, na reksini huliacha liteleze.

Mshono unataka macho ya karibu. Cherehani hutumia nyuzi mbili, mmoja juu na mmoja chini, zinashikana katikati ya ngozi. Ukikatika mmoja, mstari mzima unaweza kufumuka. Mshono wa mkono wa fundi wa ngozi ni uzi mmoja na sindano mbili, kila sindano ikipita kwenye tundu lile lile kutoka upande wake. Pigo moja likikatika, majirani zake hubaki wameshika. Utautambua kwa jinsi mapigo yanavyolala kwa mshazari kidogo, pande zote mbili. Pitisha ukucha: uzi uliokazwa hauinuki. Tazama mwanzo na mwisho wa mstari, kama mshonaji alirudi nyuma matundu mawili matatu au aliuchoma tu ncha akaendelea na maisha yake. Na usidanganywe na wingi wa mapigo. Matundu yakisongamana sana, ngozi huchanika kwenye mstari huo kama karatasi ya stempu.

Kingo zilizosuguliwa kwa msasa na nta zinaweza kusuguliwa tena mwaka wa tano. Kingo zilizopakwa rangi nene hupasuka, na fundi wa mtaani hana rangi hiyo. Bitana ya nailoni ndani ya mifuko ya kadi huisha kabla ya ngozi, lakini hubadilika kirahisi, kwa hiyo usiikatae waleti nzuri kwa sababu yake.

Mshipi ni hesabu fupi. Chagua ule wa kipande kimoja cha ngozi nene, na chuma cha kufungia kilichokazwa kwa skurubu au kifungo, ili kikivunjika ubadilishe chuma peke yake. Chuma cha zinki ni chepesi mkononi kuliko cha shaba, na huvunjika pale pini inapozungukia.

Kibera ina karakana zake za mifupa na pembe za ng'ombe, zinazotoa vishikio vya funguo pamoja na mapambo, na hivi huwa vinadharauliwa bure. Angalia tundu la pete: likikaribia ukingo, mfupa utapasuka hapo funguo zikidondoka sakafuni. Kishikio kisuguliwe mpaka ndani ya tundu. Doa la manjano linalorudi baada ya kupanguswa ni mafuta ambayo hayakutoka vizuri wakati wa kuchemshwa.

Sasa turudi kwa fundi, maana waranti unayoweza kuidai Kianda iko kwake. Fundi wa viatu mwenye kibanda unachopita mbele yake kila asubuhi atakuambia, "Ikifunguka, leta," na kwa sababu unapita hapo kila asubuhi, neno lake lina uzito. Mchague kwa kumtazama akifanya kazi. Je, anakwangua gundi ya zamani kabla ya kupaka mpya? Anapaka pande zote mbili, kisha anasubiri? Gundi hii ya viatu haishiki ikiwa mbichi. Hupakwa, huachwa mpaka iguswe bila kunata kidoleni, ndipo pande mbili zikutanishwe na kugongwa. Anayebandika papo hapo atakuona tena wiki ijayo. Uzi wake uwe umepitishwa kwenye nta, na msharasi wake utoboe tundu dogo kuliko uzi unavyoonekana kuhitaji. Au, badala ya kukarabati ya mtumba, mwambie akushonee waleti mpya. Ngozi ya kuuzwa kwa futi iko soko la Kariokor, na mtakubaliana ni nani anaifuata.

Ukinunua kitu kipya dukani, usitishwe na yale maandishi ya chini ya risiti kwamba bidhaa zikishauzwa hazirudishwi. Kifungu cha 46 cha Katiba ya 2010 kinampa mtumiaji haki ya bidhaa zenye ubora unaokubalika, na Sheria ya Kulinda Watumiaji ya 2012 inamfanya muuzaji awe amedhamini ubora huo hata asipotamka. Ipo pia Mahakama ya Madai Madogo, kwa madai yasiyozidi shilingi 1,000,000, na huhitaji wakili. Sijasikia mtu aliyepeleka waleti huko, lakini kuvitaja vifungu hivyo kaunta, kwa upole, na risiti ikiwa mkononi, hubadilisha mazungumzo.

Siku ya kumwachia fundi waleti, toa kwanza kitambulisho na kadi ya benki, upekue na ule mfuko wa siri nyuma ya noti. Atakayolainisha kwa joto ili kubandua gundi ya zamani ni ngozi, lakini joto hilo hilo hupinda plastiki, na foleni ya kitambulisho kipya Huduma Centre haina waranti ya mtu.