Wachekeshaji wa Pinewood

Kati ya 1958 na 1978 Uingereza ilitoa filamu 30 za vichekesho za mfululizo wa Carry On. Ya 31 ikafuata mwaka 1992. Zilirekodiwa katika studio za Pinewood, nje ya London, kwa bajeti finyu na kwa haraka, filamu nzima ikimalizwa kwa takriban wiki sita.

Carry On Camping ni hadithi ya likizo ya kiangazi kwenye mahema. Lakini ilirekodiwa mwishoni mwa 1968, majira ya baridi yakibisha hodi. Uwanja ulikuwa tope tupu, ukapuliziwa rangi ya kijani ufanane na nyasi. Miti iliyopukutika ikabandikwa majani. Katika baridi hiyo waigizaji walivaa nguo za kuotea jua, nyuso zikiwa kunjufu kana kwamba jua lipo. Kuchekesha huku meno yanataka kugongana ni kazi ya watu waliokomaa. Neno likiwahi au likichelewa kidogo tu, kichekesho kimekufa, na ratiba ile haikuacha nafasi ya kurudiarudia.

Na malipo? Nyota wa kiume walipata takriban pauni 5,000 kwa filamu. Wanawake, waliotetemeka kwenye tope lilelile, karibu nusu yake. Mgao wa faida hawakuwa nao, wanaume wala wanawake. Televisheni zimezirusha filamu hizo miaka nenda miaka rudi, wajukuu wamecheka walipocheka babu zao, na waigizaji wale hawakuongezewa kitu. Jambo hilo linaniuma.