Siku 15 za Julai

Anayekata rufaa dhidi ya amri ya muda hudhani kesi itasikilizwa upya. Kumbe majaji wa rufani wa Afrika Mashariki hawajiulizi wao wangeamuaje. Tangu shauri la Mbogo dhidi ya Shah la 1968, swali lao ni jembamba: je, jaji wa chini alipotoka kisheria, au aliacha jambo la msingi, hadi haki ikapotea? Kama sivyo, hiari yake haiguswi. Sababu inaeleweka. Amri ya muda hutolewa kwa viapo, kabla shahidi yeyote hajahojiwa. Benchi la juu likijitosa hapo, litamaliza kesi kuu kwa mlango wa nyuma.

Kwa mgogoro wa kiwanja mtaani Buyenzi, Bujumbura, sina neno. Kiwanja hakikimbii. Uchaguzi hukimbia.

Novemba 2006, Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki, Arusha, ilizuia kwa amri ya muda wajumbe wa Kenya kuingia Bunge la Jumuiya. Mwezi uliofuata marais wa nchi wanachama walirekebisha Mkataba wa Jumuiya na kuunda Divisheni ya Rufani. Yaani benchi hilo lilizaliwa kwa hasira dhidi ya amri ya muda! Hata hivyo mlango wake ni mwembamba: kosa la sheria, mamlaka au utaratibu.

Burundi ilijiunga na Jumuiya 2007. Mei 2015 Mahakama ya Katiba ya nchi hiyo ilimruhusu Rais Pierre Nkurunziza kugombea tena, kwa hoja kwamba muhula wa 2005, aliochaguliwa na Bunge, hauhesabiwi. Makamu wa rais wa mahakama hiyo, Sylvère Nimpagaritse, alikuwa amekimbilia Rwanda. Jukwaa la asasi za kiraia, EACSOF, lilifungua shauri Arusha tarehe 6 Julai kupinga uamuzi huo. Kura za urais zilipigwa Burundi tarehe 21. Siku 15: hapo amri ya muda pekee ndiyo ingeweza kusimamisha saa, na saa haikusimama.

Mwaka 2016 Divisheni ya Awali ya mahakama ya Arusha ilisema haina mamlaka ya kupitia uamuzi wa mahakama ya nchi. Mei 2018 Divisheni ya Rufani ilisema mamlaka yapo, lakini haikugusa kiini cha shauri. Jalada likarudi chini. Huko ndiko kujizuia kwenyewe kwa majaji wa rufani, na kwa vitabu kulikuwa sahihi. Shauri likashindwa tena 2019, likapanda tena. Novemba 2021 Rufani ikatamka kwamba uamuzi wa Mahakama ya Katiba ulivunja Mkataba. Muhula uliolalamikiwa ulikuwa umekwisha, na Nkurunziza alifariki Juni 2020.