Majazi Milimani: Majina ya Kiswahili na Nafasi ya Binadamu katika Gorillas in the Mist ya Dian Fossey

Utangulizi

Vitabu vinavyosimulia uhusiano wa gorila na binadamu vimezoeleka kusomwa kama masimulizi ya pande mbili: upande mmoja mtafiti aliyetoka ng'ambo, upande wa pili mnyama wa porini. Ndivyo kinavyosomwa Gorillas in the Mist (1983), kitabu ambamo Dian Fossey anaeleza miaka aliyoishi katika milima ya Virunga, kwanza Kabara upande wa Kongo, kisha Rwanda, ambako Septemba 24, 1967 alianzisha kambi ya Karisoke kati ya milima ya Karisimbi na Visoke. Filamu yenye jina hilohilo, iliyotolewa mwaka 1988, iliukazia usomaji huo.

Msomaji wa Kiswahili hukutana na jambo jingine katika kitabu hiki. Anaposoma Kiingereza cha Fossey anakuta maneno ya lugha yake, mengi yakiwa majina ya wanyama: Rafiki, Macho, Kweli, Simba. Kwa msomaji wa Kiingereza majina hayo ni sauti za mahali pa mbali. Kwa msomaji wa Kiswahili ni maneno yenye maana, na maana hizo haziwezi kunyamazishwa. Makala hii inadai kwamba majina hayo, yakisomwa kama majazi, yanafichua upande wa tatu wa uhusiano unaosimuliwa, yaani watu waliozungumza Kiswahili na Fossey. Maneno ya ukaribu yanatoka katika lugha ya watu hao na kutua kwa gorila, ilhali wenye lugha wanabakiziwa maneno ya kazi na ya hofu.

Swali la maji ya moto

Kabla ya kusafiri Fossey alijifunza Kiswahili kwa kitabu cha sarufi, sambamba na kusoma kazi za George Schaller, ambaye utafiti wake wa mwaka 1959 na 1960 ulizaa The Year of the Gorilla (1964). Jaribio la kwanza la Kiswahili hicho linasimuliwa katika tukio fupi la Kabara. Mpigapicha Alan Root, aliyemsaidia kuanzisha kambi, ameondoka. Fossey amebaki na wafanyakazi wawili Wakongo. Mmoja anamjia na kumuuliza kama anahitaji maji ya moto. Maneno yote aliyokuwa ameyakariri yanampotea, analia, anajifungia hemani akidhani anatishiwa. Baadaye anamwomba mtu yule arudie polepole, na ndipo anapoelewa alichokuwa akikarimiwa.

Fossey anajicheka mwenyewe, na unyofu huo ni sifa ya kitabu. Hata hivyo tukio lina uzito kuliko kichekesho chake. Katika desturi za wasemaji wa Kiswahili, kumtengea mgeni maji ya moto ni tendo la kumpokea nyumbani. Mwenyeji wa mlima ndiye anayetangulia kujenga uhusiano, naye hatajwi kwa jina. Wakati huohuo Fossey ameanza kazi ya miaka mingi ya kujifunza milio na mienendo ya gorila ili wamzoee. Kitabu kinaonyesha kwa kina jinsi ustahimilivu wake ulivyozaa imani baina yake na wanyama. Jinsi alivyofikia kuelewana na waliomkaribisha kwa maji ya moto inaelezwa kwa vipande tu, na hasa pale mambo ya kambi yanapodai.

Majazi na upatanisho wa kisarufi

Katika uhakiki wa Kiswahili, majazi ni mbinu ya kumpa mhusika jina linaloafiki tabia au nafasi yake. Shaaban Robert aliitumia kwa upana. Kusadikika (1951) ina Karama na Majivuno. Adili na Nduguze (1952) ina Adili, Hasidi na Mwivu. Kazi hii ya pili inafaa kukumbukwa hapa kwa sababu Hasidi na Mwivu wanageuzwa manyani. Majina yao yanatangulia mageuzi yao: umbo la mnyama linakuja kuthibitisha hukumu ambayo jina lilikwisha kuitoa.

Kwa Fossey mwelekeo ni wa kinyume. Mnyama ndiye anayepewa neno linalomkaribisha kwenye ubinadamu. Rafiki ni dume mzee anayeongoza Kundi la 8. Macho, jike wa Kundi la 4, jina lake limetokana na macho yake. Mwanawe anaitwa Kweli. Kima, tumbili aliyefugwa kambini, anaonyesha tofauti iliyopo: jina lake ni la aina ya mnyama tu, sawa na paka kuitwa Paka. Gorila hawakupewa jina la aina yao. Walipewa nomino za uhusiano, za viungo vya mwili na za dhana.

Sarufi ya Kiswahili inaonyesha jambo hili kwa namna ambayo Kiingereza hakiwezi. Kweli kama dhana huchukua upatanisho wa ngeli ya I-ZI: kweli imedhihirika. Likiwa jina la gorila, mfasiri atalazimika kuandika: Kweli amejeruhiwa. Vivyo hivyo macho hufumbuka, yakafumba. Macho alizaa, Macho aliuawa. Kiambishi cha nafsi ndicho kinachomvusha mnyama kutoka kwenye dhana hadi kuwa mhusika. Rafiki pekee havuki popote, kwa kuwa neno lake lilikwisha kuwa la mwenye uhai. Lakini neno hilo linadai kijalizo: rafiki wa nani? Kitabu kinajibu kwa mwenendo wake wote kwamba ni rafiki wa mtafiti.

Uzito wa majazi haya unaonekana katika maafa ya mwaka 1978. Julai 24 majangili walimuua Uncle Bert, kiongozi wa Kundi la 4, ambaye Fossey alikuwa amempa jina kutoka katika ukoo wake mwenyewe. Macho aliuawa siku hiyohiyo. Kweli alipigwa risasi, akaishi na jeraha lililooza, na baada ya miezi mitatu hivi akafa. Miezi michache kabla, Desemba 31, 1977, alikuwa ameuawa Digit, dume aliyeitwa hivyo kwa sababu ya kidole chake kilichokuwa na kasoro. Msomaji wa Kiingereza anasoma msiba wa familia. Msomaji wa Kiswahili anasoma msiba huohuo, na juu yake istiari ambayo huenda mwandishi hakuikusudia: macho yamezimwa, na kweli ikafuata. Msomaji huyo hana budi kujiuliza ni nani aliyekuwa na macho ya kuona yaliyotokea mlimani, na kwa nini ushahidi wake haumo kitabuni.

Upande wa pili wa msamiati

Kiswahili cha kitabu hakiishii kwenye majina ya gorila. Neno jingine lenye nafasi kubwa ni sumu, ambalo Fossey analitumia kwa maana ya uchawi ambao majangili na wanakijiji wanauogopa. Matumizi hayo si kosa tupu. Katika eneo la Maziwa Makuu mpaka kati ya kulishwa sumu na kurogwa si mnene. Linaloshangaza ni mgawanyo wa maneno. Rafiki na Kweli wamekwenda kwa gorila. Sumu imebaki kwa watu. Mtu akikusanya maneno ya Kiswahili ya kitabu hiki na kuyapanga kwa wanaohusishwa nayo, atapata kamusi ndogo ambamo upole ni wa wanyama na tishio ni la binadamu.

Yawezekana kupinga kwamba hiki ni kitabu kuhusu gorila, hivyo hakipaswi kulaumiwa kwa kutowaeleza watu. Pingamizi hilo lina nguvu. Tena Fossey hawafichi wasaidizi wake. Anamtaja Sanwekwe, Mkongo aliyemfundisha kufuata nyayo, na Wanyarwanda kama Nemeye na Rwelekana, na anausifu ustadi wao. Lakini kitabu hakiwanyimi binadamu nafasi kwa usawa. Majangili wanapewa nia, hasira, hila na historia. Gorila wanapewa nasaba zilizochorwa kizazi kwa kizazi. Wafuatilia nyayo, ambao bila wao hakuna gorila ambaye angeonekana, wanabaki na majina na kazi tu. Adui anajulikana kuliko msaidizi, na uchaguzi huo hautokani na somo la kitabu bali na umbo la hadithi inayohitaji shujaa mmoja.

Umbo hilo si la lazima. In the Kingdom of Gorillas (2001) cha Bill Weber na Amy Vedder, waliofanya kazi katika milima hiyohiyo kuanzia mwaka 1978, kinaweka mkulima ndani ya uhusiano. Ardhi ya hifadhi iliyomegwa mwishoni mwa miaka ya 1960 ili kulimwa pareto, mahitaji ya familia zinazoishi ukingoni mwa msitu, na maoni yao juu ya thamani ya gorila ni sehemu ya masimulizi yenyewe. Mradi wa utalii na elimu ulioanza mwaka 1979 unaelezwa kama jaribio la kuifanya hifadhi iwe na maana kwa jirani zake. Kitabu hicho nacho kina ukinzani na Fossey na kinajitetea. Hata hivyo kinathibitisha kwamba gorila wanaweza kupendwa na kuandikwa bila kuwaondoa watu mlimani.

Hitimisho

Usomaji wa majazi umeonyesha kwamba majina ya Kiswahili katika Gorillas in the Mist si pambo la mandhari. Yanaonyesha lugha ikikopwa kwa wenyeji na kupewa wanyama, na yanamwachia mfasiri wa Kiswahili deni ambalo maandishi ya Kiingereza hayakulilipa. Tafsiri yoyote itakayoandika kwamba Rafiki alifariki au Kweli alijeruhiwa italazimika kuamua maneno hayo yanasemwa na nani. Nchini Rwanda utoaji majina umekwisha kubadili mikono: tangu mwaka 2005 watoto wa gorila hupewa majina hadharani katika sherehe ya Kwita Izina, iliyofuata desturi ya kumpa mtoto jina, na majina mengi ni ya Kinyarwanda.

Kwa upande wao, wenyeji nao walimpa Fossey jina. Aliuawa Desemba 1985 na kuzikwa karibu na Digit, na kwenye kaburi lake limeandikwa Nyiramachabelli, jina la Kinyarwanda ambalo kwa kawaida hufasiriwa kuwa mwanamke aishiye peke yake mlimani. Hayo pia ni majazi. Waliompa jina hilo waliishi naye kambini, wakambebea mizigo, wakamwongoza kwenye nyayo, na wakaona kwamba bado alikuwa peke yake.