Kamera Inayojua Pa Kusimama

Majuzi tulionyesha Queen of Katwe hapa ukumbi wa vijana. Shuka jeupe ukutani, projekta ya kuazima, watoto wamekaa chini mpaka mlangoni. Lupita Nyong'o alipoanza kuwagombeza watoto wake, msichana mmoja nyuma yangu akapaza sauti: "Huyu iko na kasirika sawa mama yangu kabisa!" Watu wakacheka. Mimi nikajiuliza: hivi kamera alishika nani?

Anaitwa Sean Bobbitt. Ni Mmarekani ambaye kazi yake imekulia Uingereza. Alianza kama mpigapicha wa habari, ndipo akaingia kwenye filamu za hadithi. Mwaka 1999 alipiga Wonderland ya Michael Winterbottom, kamera mkononi katika mitaa ya London. Baadaye akashikana na mwongozaji Steve McQueen: Hunger (2008), Shame (2011), 12 Years a Slave (2013), Widows (2018). Queen of Katwe ya Mira Nair ilitoka 2016. Mwaka 2021 aliteuliwa kwa Oscar kwa Judas and the Black Messiah, na 2023 ikatoka The Marvels, filamu ya mashujaa wa angani. Ukizipanga zote, utadhani ni watu watano.

Wapo watakaosema mtu wa hivyo hana mkono wake mwenyewe. Mimi nakataa. Mkono anao.

Tazama Hunger, kuhusu wafungwa wa Ireland Kaskazini waliogoma kula mwaka 1981. Bobby Sands na padri wanakaa mezani, wanavuta sigara, wanabishana kuhusu kufa. Kamera imetulia pembeni, karibu dakika 17, bila kukata. Inatuachia tusikilize kama watu wazima.

Halafu 12 Years a Slave. Solomon ananing'inia mtini, vidole vya miguu vinagusa matope kidogo tu. Kamera inabaki mbali. Nyuma yake watu wanatoka, wanafanya kazi zao, watoto wanacheza. Unatamani picha ikatwe, haikatwi. Kinachouma zaidi ni ile siku kuendelea kama kawaida. Sisi tuliokimbia vita tunaijua siku ya namna hiyo.

Katwe ni kitu kingine. Rangi zinang'aa, mahindi, vitenge, vumbi lenye jua. Hapo nina lawama yangu: mara nyingine jua ni zuri mno, hata matope yanapendeza. Nilipowaambia vijana hivyo, wakanipinga. "Kaka, kwani sisi hatuna rangi?" Nikanyamaza. Walikuwa na haki kuliko nilivyotaka kukubali.

Maana hapa tunapigwa picha sana. Kuna mgeni alikuja na kamera, akamwambia mtoto mmoja wa kikundi chetu avue viatu kwanza. Viatu mama yake alivinunua kwa kuuza sehemu ya mgao wa chakula. Mtoto akavua. Na mimi nilikuwepo, sikusema kitu. Mpaka leo inanikera.

Ndiyo maana mwisho wa Queen of Katwe ulinishika. Waigizaji wanasimama mmoja mmoja kando ya watu halisi waliowaigiza, Phiona Mutesi na kocha Robert Katende wakiwemo. Kamera inawaangalia usawa wa macho. Wamevaa walivyovaa, hakuna aliyeambiwa avue kitu.

Huo ndio mkono wa Bobbitt ninaouona: gerezani, shambani, Katwe, kwanza anatafuta pa kusimama ili mtu abaki mtu. Nyie mnaokuja na kamera, tunawakaribisha, ila kaeni kwanza. Na vijana wangu wenye simu moja ya kikundi, sheria ni hiyo hiyo. Kabla ya kubonyeza, muulize mwenyewe anataka kuonekana vipi. Akisema na viatu, basi na viatu.